Shikamoo haina tafsiri: njia ya Mswahili kuingia kwenye misemo ya Kijapani

Zinazunguka kwenye simu zetu video fupi za "maneno kumi ya Kijapani". Neno linaandikwa kwa herufi kubwa, chini yake tafsiri ya Kiingereza, kisha mtu mwingine anaichukua tafsiri ile na kuigeuza Kiswahili. Ndivyo tulivyopata vijana wanaoamini kwamba itadakimasu ni "chakula chema", otsukaresama ni "kazi nzuri", yoroshiku ni "nimefurahi kukufahamu" na ganbatte ni "bahati njema". Kisha ubishi unaanza. Mmoja anasema alimwambia Mjapani hivyo na Mjapani akaduwaa, mwingine anasema Kijapani hakifasiriki, wa tatu anasema wale watu wanaongea kwa mafumbo tu.

Mimi naona jambo lenyewe ni dogo kuliko ubishi wake. Maneno yote manne yameharibikia njiani, yalipopitishwa kwenye lugha isiyo na desturi ya kusema vitu hivyo. Kiswahili kinayo desturi hiyo. Mtu anayejua wakati wa kusema shikamoo, hodi, pole na "natangulia" ameshafika nusu ya safari, ila hajaambiwa.

Neno lisiloulizwa maana

Mgeni akikuuliza shikamoo maana yake nini, unaweza kumweleza asili yake, kwamba ni "nashika miguu yako". Utakuwa umempa historia, lakini hujamfundisha kusalimu. Mtoto anayemwamkia bibi yake asubuhi hawazi miguu ya mtu. Anajua mambo matatu: mdogo ndiye anayeanza, mkubwa ndiye anayeamkiwa, na jibu ni marahaba. Asiyeyajua hayo, hata awe na asili ya neno kichwani, ataamkia rika lake na watu watacheka.

Kijapani kimejaa shikamoo. Kundi hilo la maneno linaitwa aisatsu, yaani salamu na maneno ya desturi ambayo wakati wake ukifika hayana budi kusemwa. Kundi la pili ni kanyōku, nahau: maneno mawili matatu yaliyoungana na kuacha maana zao za awali, kama sisi tunavyosema mzee amekula chumvi nyingi. La tatu ni kotowaza, methali. La nne ni yojijukugo, misemo iliyofungwa ndani ya herufi nne za kanji, yaani herufi zenye asili ya China ambazo kila moja hubeba maana, mingi ikiwa imetoka kwenye maandiko ya kale ya China. Makundi haya hayajifunzwi kwa njia moja. Aisatsu utaihitaji siku ya kwanza. Yojijukugo unaweza kukaa miaka miwili hujaigusa na usipungukiwe kitu.

Matamshi hayatakusumbua sana. Irabu ni zile zile tano zetu, na karibu kila silabi inaishia kwa irabu. Cha kuangalia ni urefu: kistari juu ya herufi, kama kwenye ō, kinaonyesha kwamba irabu inavutwa. Obasan ni shangazi au mama wa makamo. Obāsan ni bibi. Anayetofautisha cho na choo ana sikio la kutosha kwa kazi hiyo.

Kutoka, kurudi, kula, kuaga

Nianze na mlango wa nyumba, maana hapo ndipo Kiswahili kinapong'ara. Mjapani anayetoka nyumbani asubuhi anasema ittekimasu. Ndani ya neno hilo kuna vitenzi viwili, kwenda na kuja: naenda kisha naja. Waliobaki wanamjibu itterasshai, nenda na urudi. Akirudi jioni anasema tadaima, neno ambalo kwa asili ni "sasa hivi", naye anajibiwa okaeri, au okaerinasai kwa heshima zaidi. Wafasiri wengi wanahangaika na ittekimasu kwa sababu lugha nyingi hazina neno la anayeondoka lenye kurudi ndani yake. Sisi tunalo. Tunainuka, tunafungua mlango, na tunapotoka tunasema "nakuja". Mgeni akitusikia anashangaa mtu anasema anakuja huku mgongo wake unapotelea barabarani. Mjapani hatashangaa.

Tuje mezani. Itadakimasu husemwa na anayekula, kabla ya tonge la kwanza, hata akiwa peke yake chumbani. Ni namna ya unyenyekevu ya kusema "napokea", na asili yake ni kukiweka kitu juu ya kichwa, kama mtu anayepokea zawadi kutoka kwa mkubwa wake. Kwa hiyo "chakula chema" imekigeuza kichwa chini: hayo ni maneno ya kumtakia mwingine, na hapa anayesema ni mpokeaji. Mahali pake katika mlo ni pale ambapo wengi wetu husema Bismillahi au kufumba macho na kuomba, ingawa itadakimasu yenyewe si sala. Ukimaliza unasema gochisōsama deshita. Herufi za neno hilo zinahusu kukimbia huku na huko, maana mwenyeji wa zamani alilazimika kukimbia kutafuta vyakula vya kumwekea mgeni. Unamshukuru kwa miguu yake.

Kazini kuna otsukaresama desu. Neno hili limetokana na kuchoka, na wafanyakazi wenza huambiana wakikutana kwenye korido, kikao kikiisha, siku ikiisha. Tafsiri ya "kazi nzuri" inaleta balaa kwa sababu inageuka kuwa sifa, na mdogo hamsifii bosi wake kazi. Kiswahili chake kimekaa pale pale siku zote: pole na kazi. Huhukumu kama kazi ilifanyika vizuri au vibaya. Unakiri tu kwamba mwenzako amechoka. Lina ndugu yake, gokurōsama, ambalo mkubwa humwambia mdogo. Mdogo akimwambia mkubwa gokurōsama amekosea kama mtoto anayemwambia mzee marahaba kabla hajaamkiwa.

Anayetoka ofisini kabla ya wenzake husema osaki ni shitsurei shimasu: naomba radhi kwa kutangulia. Nilipolikuta neno hili mara ya kwanza nilikuwa nimeshakariri tafsiri yake ndefu ya Kiingereza kwa siku tatu bila kuishika. Kisha nikakumbuka jinsi watu wa kwetu wanavyoinuka barazani: "Jamani, mimi natangulia." Sikulisahau tena. Wanaobaki wanajibu otsukaresama deshita, ambayo kwa Kiswahili ingekuwa "haya, pole na kazi".

Na sayonara? Ndilo neno la Kijapani linalojulikana kuliko yote, na katika maongezi ya kila siku ni miongoni mwa yasiyotumika sana. Limetokana na sayō naraba, "ikiwa ni hivyo". Watoto shuleni humwambia mwalimu, lakini baina ya marafiki lina uzito wa kuagana kwa muda mrefu, pengine moja kwa moja. Marafiki husema jā ne au mata ashita, yaani tutaonana kesho. Na hiyo jā ni "basi". Kama simu zetu zinavyofungwa kwa "haya basi", ndivyo zao zinavyofungwa.

Yoroshiku onegai shimasu ndilo gumu zaidi, nami nitalikalia kidogo. Linasemwa ukijitambulisha, ukiomba kazi ifanyike, ukianza ushirikiano, ukifunga barua. Maneno yenyewe ni "vizuri" na "naomba". Huelezi furaha ya kukutana na mtu. Unamwomba akupokee vizuri katika hayo yanayokuja. Msikilize mwenyekiti mpya wa kikundi anavyomaliza hotuba yake: "Naomba ushirikiano wenu." Hiyo ndiyo yoroshiku, tofauti ikiwa kwamba Mjapani huisema hata kwa jirani mpya na kwa mtu anayemkabidhi karatasi moja.

Ganbatte tunaweza kulimaliza haraka. Halina bahati ndani yake. Ni kaza, jikaze, kazana. Mwanafunzi anayeingia kwenye mtihani anaambiwa ganbatte kwa sababu jitihada ni yake, na anayemwambia anamtia nguvu.

Sumimasen linahitaji tahadhari. Limetokana na kitenzi cha kumalizika, katika hali ya kukanusha: jambo halijaisha, bado nina deni kwako. Linamwita mhudumu wa mgahawa, linaomba njia kwenye treni, linaomba radhi ya kosa dogo, na linashukuru pale mtu anapojisumbua kwa ajili yako. Samahani yetu inafanya kazi tatu za mwanzo. Ya nne inabidi uizoee. Ila usidanganyike ukalifanya pole. Pole yetu ni pana mno, na Kijapani kimeigawa vipande. Kwa mgonjwa utasema odaiji ni, ambayo ni ugua pole. Kwa mfiwa utasema goshūshōsama desu, pale ambapo watu wa pwani husema makiwa. Kwa mtu aliyekusimulia shida zake utasema taihen desu ne. Ukimwambia mfiwa sumimasen atajiuliza umefanya nini.

Uzushi wa arigatō

Kuna hadithi inayorudi kila mwaka kwamba arigatō, asante, imetokana na obrigado ya Kireno. Inapendeza masikioni, hasa kwetu ambao tuna meza, bendera, leso na gereza kutoka kwa Wareno hao hao. Lakini Wareno walifika Japani kwenye kisiwa cha Tanegashima mwaka 1543. Arigatō imetokana na arigatashi, "kilicho vigumu kuwepo", yaani adimu, na neno hilo lilikuwa limeandikwa karne nyingi kabla. Sei Shōnagon, mwanamke wa kasri la mfalme aliyeandika maandishi ya Makura no Sōshi karibu na mwaka 1000, ana orodha ya vitu adimu, arigataki mono, na cha kwanza kwenye orodha yake ni mkwe wa kiume anayesifiwa na baba mkwe. Kutoka "wema huu ni adimu" hadi "asante" ni hatua fupi. Wareno waliwaachia Wajapani maneno ya kweli, kama pan, mkate, na tabako. Hili halimo.

"Hai" siyo ndiyo kila wakati

Wafanyabiashara wetu wanaokutana na Wajapani mara nyingine hulalamika: "Alisema hai, hai, hai, kikao kizima, kisha akakataa." Hakusema amekubali. Alikuwa anaitikia. Kuitikia huko kunaitwa aizuchi, na asili ya neno hilo ni karakana ya mhunzi: wahunzi wawili wanaopiga chuma kimoja kwa zamu, nyundo ya mmoja ikishuka ya mwenzake ikiinuka. Msikilizaji wa Kijapani anapiga nyundo yake kwa hai, ee, naruhodo, sō desu ne, ili msemaji ajue chuma bado ni cha moto. Nasi tunafanya hivyo. Anayesimulia bila kuitikiwa "ehee", "enhe", "naam" hunyamaza na kuuliza: unanisikiliza kweli? Hakuna anayeidhani ehee kuwa saini ya mkataba.

Watu husema pia kwamba Mjapani hajui kusema hapana. Anajua, ila ana njia nyingi za kulifikia. Chotto ni "kidogo", mtu akisema "kesho ni kidogo..." na kuiachia sauti ikining'inia, amekataa mwaliko. Kangaete okimasu ni "nitalifikiria", na katika biashara mara nyingi ni mlango uliofungwa taratibu. Tunayo "tutaangalia", tunayo "nitakupigia", na kila Mswahili anajua simu ipi haitapigwa. Kekkō desu ndilo linalonasa wageni: linaweza kuwa "safi kabisa" na linaweza kuwa "inatosha, asante". Ukimwongezea mtu chai akasema kekkō desu huku mkono ameuweka juu ya kikombe, usimimine. Uwezo wa kuyajua haya bila kuambiwa huitwa kūki wo yomu, kusoma hewa.

Mwili mmoja, maneno mawili

Sasa nahau, na hapa utamu ni mwingi. Nusu ya raha ni kukuta kwamba watu walioishi mbali nasi kiasi hicho walitazama mwili ule ule wa binadamu wakaona jambo lile lile. Te ga nagai, "mkono ni mrefu": mdokozi. Kiswahili nacho kinamwita mtu wa mkono mrefu. Hakuna aliyemwibia mwenzake msemo huo.

Mara nyingine picha inafanana na maana inakwepa, na hapo ndipo penye mtego. Atama ga katai ni "kichwa ni kigumu". Kwetu kichwa kigumu ni asiyeelewa haraka. Kwao anaweza kuwa profesa hodari. Kinachomshinda ni kubadili mawazo. Ashi wo arau ni "kuosha miguu", na mkono wako utataka kuandika "kunawa mikono". Siyo. Anayenawa mikono amejitoa kwenye jambo ili asilaumiwe. Anayeosha miguu ameacha maisha mabaya, kama mwizi aliyeacha wizi. Inaelezwa kwamba msemo huo ulianza na watawa wa Kibudha waliotembea peku na kuosha miguu waliporudi hekaluni.

Mara nyingine maana ni moja na kiungo ni kingine. Asiyetunza siri kwao ni kuchi ga karui, mdomo mwepesi. Kwetu hana kifua. Aliyefukuzwa kazi kwao amekuwa shingo, kubi ni naru. Kwetu amemwaga unga, na Kenya watasema amepigwa kalamu. Mtu wa hila kwao ana tumbo jeusi, haraguroi, kwa sababu kwa Wajapani tumbo ndilo ghala la nia iliyofichwa. Hasira nayo husimama tumboni, hara ga tatsu, na wawili wanaotaka kuambiana ukweli hupasua matumbo, hara wo waru, bila kisu chochote. Sisi mambo hayo tumeyapeleka moyoni na rohoni.

Neno mimi lina habari yake. Kwa Kijapani ni sikio. Mimi ga itai, "sikio linauma", husemwa na aliyeguswa na ukweli anaoambiwa. Na kuna mimi ni tako ga dekiru, ambalo Mswahili akilisoma kwa sauti mbele ya wazazi atashtuka. Wanafunzi wengi wa kigeni hulifasiri "pweza ameota sikioni", kwa sababu tako ni pweza. Lakini kuna tako nyingine, inayoandikwa kwa kanji tofauti: sugu, ile ngozi ngumu inayoota kiganjani kwa kazi. Umeniambia jambo hilo mara nyingi hadi sikio limeota sugu. Hapo picha inakaa sawa, na unaona kwa nini nahau ni vizuri kuiangalia ilivyoandikwa, maana Kijapani kina maneno mengi yanayotamkwa sawa.

Nyingine zimetoka kwenye kazi za watu. Goma wo suru, kusaga ufuta, ni kujipendekeza kwa wakubwa: ufuta ukisagwa kwenye bakuli la mifereji hunata kila upande, kama mtu anayejikomba kwa kila mwenye cheo. Abura wo uru, kuuza mafuta, ni kupiga soga wakati kazi inangoja, na inasimuliwa kwamba wachuuzi wa mafuta ya nywele enzi za Edo, karne ya 17 hadi ya 19, walizungumza na wateja huku mafuta mazito yakichuruzika polepole. Saji wo nageru, kutupa kijiko, ni kuinua mikono. Kijiko hicho ni cha tabibu aliyechanganya dawa hadi akaona mgonjwa hatapona.

Kabla sijaondoka hapa niseme juu ya ki, maana ukiikosa hii, mamia ya nahau yatakuwa giza. Ki ni pumzi, hewa, hali ya ndani ya mtu. Inafanya kazi ambayo moyo na roho hugawana katika Kiswahili. Sisi tuna vunjika moyo, tia moyo, roho mbaya, roho mkononi. Wao wana ki ga nagai, ki ndefu, mtu mvumilivu. Tanki, ki fupi, mwepesi wa hasira. Ki ga au, ki zimekutana, watu waliopatana. Ki wo tsukete, tia ki, yaani kuwa mwangalifu, neno unaloambiwa ukianza safari. Imo ndani ya genki, uzima, ndani ya byōki, ugonjwa, na hata ndani ya tenki, hali ya hewa. Jifunze ki kama familia, usijifunze neno moja moja.

Methali zinazokutana, na moja isiyokutana

Chiri mo tsumoreba yama to naru: vumbi nalo likirundikana huwa mlima. Haba na haba hujaza kibaba. Nito wo ou mono wa itto wo mo ezu: afukuzaye sungura wawili hampati hata mmoja. Mshika mbili moja humponyoka. Isogaba maware, ukiwa na haraka zunguka, imefungamanishwa na Ziwa Biwa: kuvuka kwa mashua kutoka Yabase kulikuwa kufupi lakini upepo ulikuwa hatari, na aliyezunguka hadi daraja la Seta alifika kwa uhakika. Haraka haraka haina baraka, tena yenye ramani.

Kaeru no ko wa kaeru, mtoto wa chura ni chura, ndiyo itakayokukosesha. Utataka kuandika "mtoto wa nyoka ni nyoka". Methali yetu ina sumu ndani yake. Ya chura haina. Inasema kwamba mtoto wa watu wa kawaida huwa mtu wa kawaida kama wazazi wake. Mzazi anaweza kuisema kwa unyenyekevu juu ya mwanawe. Usiitumie kumsifu mtoto wa mtu mwingine ukidhani umempa heshima.

Wajapani wenyewe hukosea methali zao. Nasake wa hito no tame narazu ni "huruma siyo kwa ajili ya mwenzako", na maana yake ya asili ni kwamba wema unaomtendea mtu utakurudia wewe. Wema hauozi. Lakini wengi wanaielewa kwamba kumhurumia mtu ni kumdhuru. Shirika la Utamaduni la serikali ya Japani, ambalo hufanya uchunguzi wa matumizi ya lugha, liliuliza watu juu ya methali hii, na waliojibu maana ya asili na waliojibu ile ya pili walikaribia kulingana. Mwanafunzi anayeona aibu kukosea alijue hilo.

Yojijukugo nitazigusa kwa moja tu. Isseki nichō, jiwe moja ndege wawili, linaonekana kama hekima ya kale ya Asia kwa sababu limevaa herufi nne. Asili yake ni methali ya Kiingereza iliyofasiriwa.

Maneno yaliyosafiri

Mengine yamefika kwetu yakiwa yamevishwa kanzu ya falsafa. Kaizen inaandikwa kwenye mabango ya viwanda na hospitali Afrika Mashariki, na kama mfumo wa kazi una mambo yake. Lakini katika Kijapani cha kila siku kaizen ni uboreshaji, basi. Ikigai, yaani kinachompa mtu sababu ya kuishi, ndilo lililopotoshwa zaidi. Ule mchoro wa duara nne, unachokipenda, unachokiweza, kinachohitajika na kinachokulipa, haukutoka Japani. Aliuunganisha na neno hilo mwandishi wa blogu, Marc Winn, mwaka 2014, kutoka mchoro uliokuwepo wa mambo mengine. Bibi wa Kijapani akikwambia ikigai yake ni wajukuu au bustani ya mboga, hajakosea duara lolote, na hakuna anayemlipa.

Mottainai ina safari iliyo njema. Wangari Maathai, aliyepewa Tuzo ya Amani ya Nobel mwaka 2004, alizuru Japani mwanzoni mwa 2005 akalisikia neno hilo, linalosemwa wali ukibaki kwenye bakuli au karatasi ikitupwa ikiwa upande mmoja bado mweupe. Ndani yake mna uchungu wa kupoteza na mna heshima kwa kitu chenyewe na mikono iliyokifanya. Aliliona linabeba kwa pamoja kupunguza, kutumia tena na kurejeleza, akalipeleka kwenye majukwaa ya dunia hadi Umoja wa Mataifa, na Wajapani wakalisikia upya neno la bibi zao kutoka kinywani mwa mama wa Kikenya. Alifanya kile ninachokihimiza: hakuuliza tu linafasiriwaje, aliuliza linasemwa wakati gani na kwa nini linamuuma anayelisema.

Daftari la nguzo nne

Masomo ya kuanzia ya Kijapani yanapatikana kwa Kiswahili kupitia NHK World, idhaa ya kimataifa ya shirika la utangazaji la Japani, na nakushauri uanzie huko kabla ya programu za simu zinazokupitisha kwenye Kiingereza. Kando yake weka daftari. Usiandike neno na tafsiri. Andika nguzo nne: nani anasema, anamwambia nani, wakati gani, na anajibiwaje. Nguzo ya tano iache wazi kwa Kiswahili, uijaze siku utakayokumbuka ulipowahi kusikia jambo hilo nyumbani. Nahau ziandike baadaye, kwa familia: mkono pamoja, tumbo pamoja, ki pamoja, na pembeni uweke alama pale ambapo picha inafanana nasi lakini maana siyo.

Ukurasa mmoja wa daftari langu unasomeka hivi. Odaiji ni. Anasema yeyote: daktari, mwuza dawa, mfanyakazi mwenzako. Anamwambia mgonjwa, au ndugu wa mgonjwa. Wakati wa kuagana, si wakati wa kukutana. Jibu: arigatō gozaimasu. Kiswahili: ugua pole.